Chungu cha Bluu na Mwamba wa Lazaro

Chungu mlichonipa siku ya kuniaga kazini kiko dirishani kwangu, na tangu siku hiyo nina hasira. Najua mlinipa kwa moyo mweupe. Najua pia nani alikipaka rangi ya bluu, maana kitaluni ni mmoja tu anayepaka bluu kila kitu, hata mpini wa jembe. Niliwashukuru, nikacheza nanyi, nikala nsima, ugali wa huku, na samaki wenu mpaka nikashindwa kuinuka. Lakini mmea mliotia ndani ni Lazaro, na mtu aliyefanya kazi pamoja nami hakupaswa kumtoa Lazaro mahali pake. Ndiyo maana ninaandika. Mwenye kusoma vizuri awasomee wenzake wakati wa kujaza udongo kwenye viriba vya miche. Kazi ile inataka vidole tu, masikio yanakaa bure.

Sitaeleza nilivyopandishwa cheo, maana hakuna cha kueleza. Posho nayo mnaijua. Nitaanza na siku ya kwanza, kwa sababu siku hiyo nilikutana na mzee Anaclet, na habari zote hizi zinatoka kwake.

Nilikuwa nimefika kambi ya Dzaleka, huku Malawi, kutoka Kongo na mtoto mmoja, Aline, na mikono miwili. Nilisikia kwamba pepinyeri, kama sisi wa Kongo tunavyokiita kitalu, inatafuta watu. Mzee Anaclet ndiye aliyekuwa msimamizi, Mnyarwanda aliyepitia Kongo kabla ya kutua huku, mrefu, mkali, kofia yake haitoki kichwani hata kanisani. Hakuniuliza jina. Alinisogezea rundo la udongo na rundo la samadi, akasema, "Changanya." Nikachukua jembe. Akaninyang'anya.

"Na mikono, maman. Jembe haina pua."

Nilichanganya kwa mikono mpaka mchana. Kila mara alikuja, akachota kiganja, akanusa, akakitupa. Mwishowe alichota, akanusa, akakiweka mfukoni mwa koti. Hivyo ndivyo nilivyojua kwamba nimepata kazi.

Vifaa vyetu vilikuwa vya kutengeneza wenyewe. Chekeche ilikuwa waya wa dirisha uliopigiliwa kwenye fremu ya kitanda. Arozwari, lile kopo la kumwagilia, ilikuwa kopo la mafuta ya msaada lililotobolewa kwa msumari, na mzee alitaka matundu yawe madogo ili maji yaanguke taratibu. Aliyetumia msumari mkubwa alisemwa wiki nzima. Leo mna arozwari za plastiki zinazotoka mjini, na zinamwaga kama mtu aliyekasirishwa na mche.

Nyuma ya kitalu mzee alikuwa na shamba lake dogo, na alipenda kulionyesha kuliko mtu anavyoonyesha wajukuu. Kila kitu mle kilikuwa kimevuka mpaka. Maharage ya Burundi yaliyokuja yameshonewa kwenye pindo la kitenge. Sombe, yaani kisamvu, iliyotoka Uvira ikiwa kijiti kilichofungwa kitambaa kibichi. Lengalenga, mchicha wa kwetu, iliyosafiri ndani ya soksi. Watu walikuwa wamepoteza nyumba na ng'ombe, wengine na ndugu, lakini mbegu walizibeba, na mbegu zote ziliota. Mzee alizizungukia akisema maneno ambayo kila mfanyakazi mpya alifundishwa kabla ya kufundishwa kushika panga:

"Kila muti iko mukimbizi tu. Umupatie udongo, umupatie maji, atashika."

Tulimwamini. Ilikuwa habari yetu sisi wenyewe, nani angeikataa? Tulikuwa tumetolewa kwetu, tumewekwa kwenye udongo tusioujua, na tulikuwa tumeshika. Miche ya papai, ya mwembe, ya msedrela, yote ilitusadikisha.

Baadaye mradi wenye kitalu ukafungua meza ya kuuzia miche Lilongwe, nami nikawekwa mezani. Nilipanga chumba Mtandire, mtaa wa mjini humo. Asubuhi nilifunga miche nyuma ya kabaza, kijana wa baiskeli akanyonga na mimi nikatembea pembeni nikishikilia, tukaenda Kauma, siku nyingine Area 49. Wateja wa Kauma walitaka mti unaozaa haraka. Wa Area 49 walitaka mti usioangusha majani uani. Niliwaambia mti wa namna hiyo upo, unauzwa dukani, wa plastiki. Wengine walicheka wakanunua papai. Mwingine alikwenda dukani kweli.

Hapo mezani ndipo nilipompata Madam Tadala, Mmalawi. Kazi yake ilikuwa kukusanya mimea, kuikausha na kuihifadhi katikati ya karatasi ili wasomi waitazame. Alikuja kununua ndimu. Akalikuta kwenye kiriba cha ndimu gugu dogo ambalo mimi ningeling'oa, akapiga magoti barabarani na sketi yake nzuri, akalitazama mpaka wenye magari wakapiga honi. Ndimu aliisahau. Tuliongea Kichewa changu cha sokoni, na humu namwandika kwa Kiswahili ili mumwelewe. Aliposikia ninatoka Dzaleka aliniuliza kama kuna mwamba mtupu karibu na kambi. Nilimwambia upo, lakini hakuna kitu juu yake. Akacheka, akasema angependa sana kukiona hicho kisicho kitu.

Tulipanda naye mwambani mwisho wa kiangazi, nilipokwenda kambini kuchukua miche. Mnaujua ule mwamba, mgongo wa jiwe unaotokea kwenye nyasi nyuma ya makazi. Juu yake palikuwa na vichaka vifupi vya kahawia, vimejikunja, vikavu kabisa. Espérance, mjane wa Burundi aliyekuwa akigonga kokoto chini pale, alikuwa akivikata awashie moto. Madam Tadala alimwomba asubiri kidogo. Akatoa chupa ya maji, akamwaga kwenye ufa wa jiwe penye kichaka kimoja, akakaa. Sisi tukakaa. Tulikula maandazi. Jua lilipoanza kushuka yale majani yalikuwa yamefunguka kama vidole, ya kijani, na yakinukia vizuri.

Espérance aliweka nyundo chini. "Yesu wangu," akasema, "huyu njo Lazaro!" Tangu siku ile kambi nzima ikamwita hivyo, na siku ile kuni hazikukatwa.

Nilimuuliza Madam kwa nini mmea wenye nguvu namna hii usishuke chini kwenye udongo mnono. Nilifikiri ni umaskini, kwamba amekosa pengine pa kukaa. Alinijibu maneno ambayo ninyi mnapaswa kuyashika kuliko yote niliyowafundisha.

"Ayi, mayi," hapana mama, akasema. "Juu ya jiwe hakuna anayemsumbua. Udongo ni kiganja kimoja, mvua inapita haraka, jua linaunguza, na yeye peke yake ndiye anayeweza hayo. Mshushe chini umpe kivuli na maji kila siku, na hivyo ndivyo vitakavyomuua. Mzizi wake unaoza. Hapa si mahali alipokimbilia. Hapa ndipo kwake."

Alinionyesha pia vidimbwi vya juu ya jiwe, vimekauka wakati ule, na akasema mvua ikinyesha vinaota vimea vidogo vinavyomaliza maisha yao yote kabla maji hayajakauka, na chini kwenye nyasi huvipati. Mimi nilikuwa nimepita pale mara nyingi na kuona jiwe tu.

Kisha ikaja amri ya wakimbizi wote kurudi kambini. Mtandire nilikuwa na kanisa, na kwaya, na mama muuza nyanya aliyenikopesha bila kuniuliza nitalipa lini. Kama mzee Anaclet angeniona pale angesema nimeshika. Nilifunga meza, nikagawa masufuria ambayo nisingeweza kubeba, nikarudi. Aline, aliyekuwa amekua na kuolewa na Mmalawi, alibaki mjini. Walioleta amri walisema mahali petu ni kambini. Walisema kwa utulivu kabisa, kama mtu anayekueleza samaki hukaa wapi.

Nilirudi kitaluni, na haukupita muda mrefu mwamba ukatakiwa. Barabara ilikuwa inajengwa, kokoto zilihitajika, na mwenye kandarasi alipenda jiwe lililo karibu. Madam Tadala aliposikia alipanda gari kutoka Lilongwe. Mkutano ulifanyika ofisini kwetu, kwa sababu meneja wetu, ambaye simtaji jina na ninyi msilitaje, alikuwa amepata wazo. Mimea yote ihamishwe kitaluni. Barabara ipate kokoto, Lazaro apate kitanda, kila mtu afurahi.

Madam alisimama akaeleza yale aliyonieleza juu ya jiwe. Hakupandisha sauti. Walimshukuru sana, zikomo, zikomo kwambiri, wakampa Fanta. Meneja akamgeukia mzee Anaclet, akamuuliza kama kitalu kinaweza.

Na mzee akasema, "Tutaweza. Hakuna muti ilishanishinda."

Hasira niliyomwonyesha mzee siku ile sijawahi kumwonyesha mtu mwingine. Nilimfuata nje, nikamshika mkono wa koti.

"Mzee, ule mama anasema ataoza."

"Ule mama iko anajua karatasi. Mi najua udongo."

"Anajua mwamba, mzee. We hujapanda kule hata siku moja."

"Maman Aline," akasema, na sauti ikawa ya chini, "mi nilitoka kwetu na viatu ya mutu mwingine. Bakaniambia nitakufa njiani. Bakaniambia nitakufa hapa. Angalia mi. Kama mi nimeshika, hako kamuti kadogo ni nani kakatae?"

Niliachia mkono wa koti. Hakuwa anajipendekeza kwa meneja. Aliamini. Alikuwa anamtendea Lazaro wema wote ambao yeye mwenyewe hakutendewa alipofika, na kosa lile, nawaambia, lisingefanywa na mtu ambaye hajawahi kuhamishwa.

Tulipanda mwamba na mitalimbo. Mizizi ya Lazaro imeingia kwenye nyufa ambazo ukucha haupiti, kwa hiyo ilikatika, kila mmoja, na mlio mdogo ambao sikuupenda. Mzee alikuwa ametengeneza kitanda kizuri kuliko vyote vilivyopata kutengenezwa Dzaleka: udongo mweusi wa mtoni, samadi iliyolala msimu mzima, kivuli cha nyasi. Alimwagilia mwenyewe, asubuhi na jioni, kwa arozwari yake ya matundu madogo. Lazaro wote wakawa kijani.

Wageni wakaja na magari meupe. Wakapiga picha kitanda, wakapiga picha mzee, wakapiga picha kitanda na mzee. Meneja akasema, "Mnaona? Umekubali." Madam Tadala alikuwepo. Alivunja kijiti kikavu kilichobaki kwenye toroli, kijiti kisicho na mzizi hata kidogo, akakitia kwenye chupa ya Fanta yenye maji, akaiweka juu ya meza mbele yao. Akawaomba wakitazame baada ya chakula. Baada ya chakula magari yalikuwa yameondoka. Mimi nilikitazama. Kilikuwa kijani kama wale wa kitandani, majani yamefunguka vizuri, chini kimekatika.

Hapo ndipo nilipoelewa. Ukijani wa Lazaro si dalili ya kitu. Ni maji tu yamepanda kwenye jani. Hata aliyekufa anafunguka ukimlowesha, na watu wakimwona amefunguka wanapiga makofi na kwenda zao. Nimeishi kambini muda mrefu, nimeona wageni wengi wakipita kwenye bustani zetu, wakasifu mboga, wakasema hawa watu wamezoea kabisa. Sisemi zaidi.

Wiki iliyofuata mwamba ulianza kuvunjwa. Njia yao ni kulundika matairi juu ya jiwe na kuyachoma mpaka jiwe lipasuke, kisha nyundo. Moshi mweusi ulitufikia kitaluni, ukakaa kwenye nguo zilizoanikwa. Nilipanda mbio, nikamkuta Espérance na wenzake wakigonga. Nikamwambia, tena kwa ukali, kwamba yeye ndiye aliyempa Lazaro jina.

"We Maman Aline, unalilia majani?" akasema bila kuinua kichwa. "Mi iko na batoto. Unipatie kazi ingine, nyundo naitupa leo hii."

Sikuwa na kazi nyingine ya kumpa. Ndiyo maana hasira yangu haimgusi yeye, na nisisikie mtu kitaluni akimtaja vibaya. Waliokuwa na uwezo wa kuchagua jiwe jingine walikuwa kwenye magari.

Mvua zikaja. Kwenye kile kitanda kizuri Lazaro walianza kuwa weusi kuanzia chini. Mzee alipunguza maji, akaondoa kivuli, akarudisha kivuli. Asubuhi moja nilimkuta amechuchumaa. Alishika shina kwa vidole viwili, akalivuta, nalo likatoka bila kupinga, na harufu yake haikuwa ile ya juu ya jiwe. Akavuta la pili, na la tatu. Alivuta kitanda chote. Kisha alivua kofia. Wengi wenu hamkuwahi kumwona bila kofia, na mimi ilikuwa mara yangu ya kwanza.

"Huyu hakukuwa mukimbizi," akasema.

Hakuyarudia tena yale maneno ya kila mti. Alipanda mwamba wakati huo wa mvua, mzee na magoti yake, akanishika bega. Nusu ilikuwa imebaki. Msije mkasikia kwamba kuna mtu aliyeiokoa, wala ofisi isije ikajisifu. Barabara ilimalizika, basi. Kwenye nusu ile Lazaro walikuwa wamefunguka bila arozwari ya mtu yeyote, na kwenye vidimbwi kulikuwa na maua madogo ya zambarau yamesimama majini. Mzee alikaa chini akayatazama kwa muda. Alipougua, mwaka wa mwisho wa maisha yake, aliniambia kitu kimoja tu cha kazi: wafanyakazi wapya wafundishwe kutomgusa Lazaro kabla ya kufundishwa chochote. Nimemfundisha kila mmoja wenu. Nimemwambia kila mmoja kwa mdomo huu.

Sasa rudini kwenye chungu.

Mlifikiri nampenda Lazaro, kwa hiyo mkaniletea Lazaro. Hilo naweza kulisamehe, maana mapenzi yenu ni ya kweli na akili mtaipata. Lakini meneja yule yule alisimama mbele ya watu akanikabidhi chungu kwa mikono miwili, akasema, "Mama, upande popote utakapokwenda." Mkapiga makofi. Mimi nilicheka na ninyi kwa sababu kulikuwa na wageni.

Popote! Baada ya kitanda kile, baada ya mzee kuvua kofia, popote! Na mimi nitakwenda wapi? Aline yuko Area 49 na ana chumba cha ziada na mtoto anayelala peke yake. Ningeshika pale wiki ya kwanza. Ningeshika Kauma. Nilikuwa nimeshika Mtandire. Kwa ruhusa ya siku chache nitamtembelea, kisha nitarudi, kwa sababu nimeambiwa mahali pangu ni hapa.

Jana niliinua mmea wenu. Ulitoka mara moja. Chini hauna mzizi, umekatwa kwa panga, mshazari, kazi safi. Mlinipa kijiti kilichochomekwa kwenye udongo mweusi. Tangu mnipe sijaumwagilia, nao umejikunja, na majirani wananipa pole. Nikiumwagilia leo, kufika jioni utakuwa kijani, na mkipita mtasema Maman Aline anautunza vizuri. Sitaumwagilia. Chungu kitapandwa vitunguu.

Leo asubuhi nilipanda mwamba, polepole, kwa magoti ambayo sasa ni kama ya mzee. Nilikipata kisiki mahali mlipokata. Mzizi umo ndani ya ufa, mzima, haukuguswa, kwa sababu aliyetumwa alikuwa na haraka au alikuwa mvivu. Namshukuru kwa uvivu wake, sijawahi kumshukuru mfanyakazi kwa hilo. Madam Tadala anasema kisiki cha namna hiyo huenda kikachipua mvua ikija. Nitakwenda kutazama. Msinifuate na maji.

Na meneja mpelekeeni salamu zangu. Mwambieni ile popote aliyompa Lazaro anipe mimi, maana Lazaro hakuiomba.